Sura ya Tano: Taya la Pili

Butembo haina ziwa. Mji umekaa juu ya milima, zaidi ya mita 1,700 kutoka usawa wa bahari, katika nchi ya viazi, maharage na kahawa, na asubuhi watu wanatoka nyumbani wamejifunga makoti. Hata hivyo samaki hakosi sokoni. Tilapia na kambale wanapanda kutoka Kyavinyonge na Vitshumbi, kando ya Ziwa Edward, wengine wabichi, wengine wamepitia moshi au chumvi. Pembeni yao kuna magunia ya fretin, vile visamaki vikavu vinavyoingia kutoka Uganda kwa mpaka wa Kasindi. Ukimwuliza mama muuzaji huyu ni samaki gani, atakujibu kwa namna inayomsaidia kuuza: “Papa, huyu ni wa Kyavinyonge, ametoka majini usiku.” Mahali na ubichi. Kwa mwenye kupika, uainishaji huo unatosha.

Sisi tutahitaji kuingia kinywani. Kichwa cha tilapia kikishaiva na nyama yake ikishaliwa na bugali, usikitupe. Ng’oa vifuniko vya mashavu, toa matamvua tao moja baada ya jingine, na nyuma ya tao la mwisho, sakafuni mwa koo, utakuta mfupa mdogo wa pembe tatu. Ncha moja imeelekea mdomoni, mabawa mawili yameelekea tumboni. Upande wa juu umejaa meno membamba yaliyosongamana. Ukipitisha ukucha unasikia ukikwaruza. Upande wa chini, katikati, kuna mshono: ni mifupa miwili ya zamani, ya kushoto na ya kulia, iliyoungana ikawa kitu kimoja. Darini mwa koo, chini kabisa ya fuvu, kuna vipande vingine viwili vyenye meno yanayotazama chini kukutana na haya. Samaki huyu, kwa hiyo, ana mataya mawili. La mbele linakamata. La nyuma linasaga, linachambua na kusukuma chakula tumboni.

Samaki wengi wana meno kooni. Jambo la pekee kwa tilapia na ndugu zake ni namna taya hilo lilivyojengwa: sehemu ya chini imeungana, ya juu imepata egemeo la kuteleza chini ya fuvu, na misuli inaninginiza taya la chini moja kwa moja kutoka kwenye fuvu lenyewe. Nguvu ya kusaga inaongezeka sana. Zaidi ya hapo, na hili ndilo alilolisisitiza Karel Liem wa Harvard mwaka 1973, taya la mbele linapata uhuru. Likishaondolewa kazi ya kutafuna, linaweza kujifunza kazi nyingine: kukwangua mwani juu ya jiwe, kufyonza vijidudu vya matope, kung’oa konokono, kuiba watoto wa wenzake. Liem alidai kwamba uhuru huo ndio uliowapa samaki hao mamia ya maumbo katika maziwa yetu.

Mwenye kuishi pwani anaweza kunikatiza hapa na kusema: hata pono ana mfupa huo. Kweli. Pono wa Zanzibar, Mafia na Lamu, yule anayesifika kwa usingizi hadi mtu mvivu akaambiwa analala kama pono, anang’ata mwamba wa matumbawe kwa mdomo wake mgumu kisha anausaga kooni mpaka unakuwa unga. Sehemu ya mchanga mweupe unaopendwa na watalii imepita kwenye koo la pono. Mpasue kichwa, utamkuta na taya la chini la koo lililoungana, na mataya ya juu yanayoegemea fuvu. Hata wale samaki wadogo wa rangi wanaojaa kwenye matumbawe, familia ya Pomacentridae, ambamo yumo yule wa rangi ya chungwa mwenye mistari myeupe aishiye katikati ya anemoni, wana mfupa huo ulioungana.

Johannes Müller, mtaalamu wa Berlin, alikwisha kuuona ufanano huu katika miaka ya 1840, akakusanya samaki wa aina hiyo kwenye kundi moja lililotajwa kwa koo lao. Baadaye kundi lilivunjwa, likaundwa upya, likaporomoka tena, hadi mwaka 1982 Les Kaufman na Liem walipolisimamisha kwa hoja nzito za mifupa na misuli, wakaliita Labroidei. Ndani yake waliingia sikilidi, yaani familia ya tilapia, pamoja na samaki wa anemoni na jamaa zake, pono na ndugu zake, na samaki fulani wa Bahari ya Pasifiki wanaozaa watoto hai. Hoja yao ilikuwa rahisi kuieleza: chombo chenye sehemu nyingi hivyo, zinazotegemeana hivyo, hakiwezi kutokea mara mbili. Wote wamekirithi kwa babu mmoja. Kwa miaka kama 20 vitabu vya vyuo vikuu vilifundisha kwamba tilapia wa Ziwa Edward na pono wa Bahari ya Hindi ni watoto wa nyumba moja.

Siyo hivyo. Vinasaba vilipoanza kusomwa, nyumba ilibomoka kutoka ndani. Mwaka 2005 Mark Westneat na Michael Alfaro walionyesha kwamba pono hata si familia ya kujitegemea. Ni tawi lililochipuka ndani ya familia kubwa ya Labridae. Kisha mwaka 2012 Peter Wainwright na wenzake walichukua jeni kumi kutoka kwa samaki wa makundi mengi, wakachora mti, na mfupa wa pembe tatu ukaonekana kwenye matawi yaliyo mbali mbali. Kwa hesabu yao, koo la namna hii lilijengwa angalau mara sita katika samaki wenye miiba, na mara nne kati ya hizo ni ndani ya kile kilichoitwa Labroidei. Kile kilichosemwa hakiwezi kutokea mara mbili kilikuwa kimetokea mara nne.

Katika mti huo tilapia alibaki karibu na samaki wa anemoni, na pono akaenda upande wake. Lakini majirani wapya wa tilapia ni wa kushangaza kuliko wale wa zamani: panzi wa baharini wanaoruka juu ya mawimbi, na Nothobranchius, wale samaki wa madimbwi ya mvua ambao mayai yao hukaa kwenye udongo mkavu yakingoja msimu. Hakuna mfupa unaowaunganisha kwa urahisi. Kinachowaunganisha, mbali na vinasaba, ni yai. Wengi wao hutaga mayai yanayozama na kushika, mengi yakiwa na nyuzi za kunatia kwenye jiwe au jani, ilhali samaki wengi wa baharini huachia mayai yaelee na mkondo. Wainwright na wenzake wakaliita kundi hilo Ovalentaria, na ndani yake zimo spishi zaidi ya 4,800. Mimi naona kuna haki fulani katika mabadiliko haya. Wataalamu walikuwa wameduwazwa na taya kwa sababu ni zuri, linaonekana, linachoreka. Yai halikuwa na mtetezi.

Funzo hilo la taya lidanganyalo tutalikuta tena ziwani, kwa kipimo kidogo zaidi. Lakini kwanza kuna swali la umri. Mabaki ya zamani kabisa ya sikilidi ambayo yanafahamika vizuri katika Afrika yalichimbwa Mahenge, mkoani Singida, Tanzania, mahali palipokuwa na ziwa dogo ndani ya kreta ya volkeno miaka milioni 46 hivi iliyopita. Alison Murray aliyachunguza akatambua spishi tano, akazipa jenasi ya Mahengechromis. Spishi tano za karibu, katika kiziwa kimoja: tabia ya familia hii ya kuzaana kwa wingi mahali padogo haikuanza jana. Sikilidi wanapatikana pia Madagaska, India na Amerika ya Kusini, na hilo limezua ubishi ambao haujaisha. Kuna wanaosema familia ilikuwepo kabla bara kuu la kusini halijapasuka, mabara yakasafiri na samaki wake. Wengine, wakipima kasi ya vinasaba na kuhesabu mabaki, wanasema familia ni changa kuliko mpasuko huo na kwamba baadhi yao walivuka bahari. Samaki wa maji baridi kuvuka bahari si jambo la kuchekwa. Tilapia kadhaa wanavumilia chumvi vizuri.

Turudi mlimani. Butembo imejengwa karibu na mgongo unaogawa maji ya Afrika. Mvua inayoangukia mteremko wa magharibi inaelekea Ituri na Lindi, inaingia mto Kongo na kuishia Atlantiki. Inayoangukia mteremko wa mashariki inateremka kwenye bonde la ufa, inaingia Ziwa Edward au mto Semliki, inapita Ziwa Albert na kufuata Nile hadi Mediterania. Mkulima mwenye shamba juu ya mgongo anaweza kumwaga ndoo moja ya maji na kuyagawia bahari mbili. Hakuna uongo ndani yake. Bonde hilo la ufa, graben kwa Kifaransa, ndilo lililoipa jina Université Catholique du Graben ya hapa mjini, na ndilo litakalotuletea, kurasa chache mbele, mababu wawili wa samaki hawa.

Ziwa lenyewe lina kilomita za mraba 2,300 na zaidi, kama robo tatu hivi ndani ya Kongo na zilizobaki Uganda. Liko mita 900 na kidogo juu ya bahari. Upande wa mashariki ni la kina kifupi, limeunganishwa kwa mfereji wa asili wa Kazinga na Ziwa George, ambalo halifiki hata mita tano katika sehemu kubwa na maji yake ni ya kijani mwaka mzima. Upande wa magharibi, chini ya ukuta wa milima ya Mitumba, chini panaporomoka hadi mita 112. Karibu pwani yote ya Kongo iko ndani ya Hifadhi ya Virunga, iliyoanzishwa mwaka 1925, na uvuvi unaruhusiwa kisheria kwenye vituo vitatu tu: Vitshumbi, Nyakakoma na Kyavinyonge.

Mlango wa kutokea maji ni Ishango, ambapo Semliki inaanza. Watu wengi wa Beni na Butembo wamesikia habari za mfupa wa Ishango, ule wenye mistari ya kuhesabia uliopatikana na Jean de Heinzelin mwaka 1950 na ambao sasa uko Brussels. Kwa somo letu, mifupa mingine ya Ishango ina maana kubwa zaidi: mifupa ya samaki. Humphry Greenwood aliichambua mwaka 1959, na kati yake kulikuwa na sangara, Lates, yule ambaye kule Bunia anaitwa capitaine. Leo hakuna sangara katika Ziwa Edward. Yupo Albert, chini kabisa ya Semliki, lakini mto huo unashuka kama mita 300 kati ya maziwa mawili, na maporomoko ya katikati hayampandishi. Zamani alikuwepo, akatoweka. Milipuko ya volkeno iliyofukua makreta ya Katwe imelaumiwa mara nyingi. Wavuvi wa zamani sana walikuwa wakifanya kazi katika bonde hili kabla hata ya Ishango: huko Katanda, mtoni Semliki, Alison Brooks na John Yellen walitangaza mwaka 1995 ncha za mifupa zenye meno ya kuchomea samaki, pamoja na mabaki ya kambale wakubwa, wakizipa umri wa miaka 90,000 hivi.

Kutoweka kwa sangara ni bahati ambayo Ziwa Victoria halikuipata. Kule aliingizwa na binadamu katika miaka ya 1950, na kufikia miaka ya 1980 mamia ya spishi za visamaki wa asili zilikuwa zimepotea au zimebaki kidogo sana. Ziwa Edward halikupandwa sangara. Visamaki vyake bado vipo, na hao ndio kiini cha sura hii.

Watanzania wanawaita furu, Waganda wanawaita nkejje. Kwenye vitabu ni Haplochromis. Wengi hawazidi urefu wa kiganja, na kwenye ndoo moja wote wanaonekana wa rangi ya majivu. Dume aliye tayari kwa ndoa ndiye anayejitangaza: mwekundu kifuani, au bluu, au manjano, na kwenye pezi la chini nyuma ana madoa ya mviringo yanayofanana na mayai. Mwaka 1962 Wolfgang Wickler alieleza kazi ya madoa hayo. Jike hutaga na hapo hapo kuyakusanya mayai yake kinywani; akiyaona madoa ya dume anadhani ameacha mengine, anayafuata kuyaokota, na anachopata kinywani ni mbegu. Mayai yanarutubishwa ndani ya mdomo na yanalelewa humo humo mpaka vitoto vinaweza kuogelea.

Ziwa limezungukwa na watu waliotaka kuwapa furu hawa majina. Mwaka 1914 George Boulenger, akiwa London, aliandika Haplochromis schubotzi, akimkumbuka Hermann Schubotz, mwanazuolojia aliyesafiri na msafara wa Kijerumani wa Duke Adolf Friedrich wa Mecklenburg mwaka 1907 na 1908. Mwaka huo huo alimpa tena heshima kwa jenasi nzima, Schubotzia. Ethelwynn Trewavas, ambaye angeishi hadi uzee mkubwa akiwa bibi wa wataalamu wote wa tilapia, alichapisha mwaka 1933 samaki walioletwa na msafara wa Cambridge wa 1930 na 1931. Max Poll wa Ubelgiji akafuata mwaka 1939 na samaki wa msafara wa Hubert Damas katika hifadhi. Kisha Greenwood, mwaka 1973, akawapitia upya wale wa Ziwa George. Mwaka huo wa 1973 Ziwa Edward lenyewe lilibadilishwa jina likaitwa Idi Amin, na baadaye likarudishiwa la Edward. Samaki hawakuguswa na siasa hiyo. Sheria za majina ya wanyama zinasema la kwanza kuchapishwa ndilo la kudumu, hata kama mwenye nchi amelichukia.

Walipokuwa wakiandika majina, wote walikuwa wakitazama midomo. Haplochromis limax ana meno yaliyopangwa safu safu, yenye ncha bapa, ya kukwangua mwani juu ya majani. H. nigripinnis anameza mwani unaoelea, ule unaoifanya George kuwa ya kijani. H. labiatus ana midomo minene ya kubana kwenye nyufa. H. squamipinnis anawinda samaki. H. mylodon ni msagaji wa konokono, na taya lake la koo ndilo la kuangaliwa: mfupa ule ule wa pembe tatu, lakini umevimba, umekuwa mzito kama jiwe la kusagia mtama, na meno ya katikati yameacha uembamba yakawa magego ya mviringo yaliyolika juu. Konokono mzima anaingia, gamba linapasuka kooni, vipande vinatemwa.

Kuna njia nyingine ya kumla konokono, isiyohitaji koo la namna hiyo. Unamvizia akiwa ametoa mwili nje, unaunasa kwa meno ya mbele, unamkung’uta au kumzungusha mpaka atoke gambani. Mwaka 2020 Nathan Vranken, Maarten Van Steenberge na Jos Snoeks, wa Chuo Kikuu cha Leuven na Makumbusho ya Tervuren, walieleza spishi tatu mpya za Ziwa Edward zinazofanya kazi hiyo: H. concilians, H. erutus na H. planus. Chakula kimoja, sura tatu tofauti za kichwa.

Wabaya wa ziwa ni walaji wa watoto. Kwa kuwa majike hubeba mayai mdomoni, kuna furu ambao wamejifunza kumwibia mama: wanamgonga au kuumeza mdomo wake na kumlazimisha ateme. Taya la mbele la mwizi huyu linapanuka sana, na meno yake yamezikwa ndani ya ufizi mnene, pengine kwa sababu meno makali yangemshika mama badala ya kufyonza alichobeba. Kwa muda mrefu ilijulikana spishi moja ya namna hiyo, H. taurinus wa Trewavas. Mwaka 2019 kundi la Vranken lilichukua sampuli za makumbusho na mpya, likapima vichwa, macho, mataya na meno ya kila mmoja, likakuta kwamba wezi ni watano. Miaka mitatu baadaye lilifanya vivyo hivyo kwa wawindaji samaki: kutoka wawili wakawa kumi na wawili. Kati ya wapya wamo H. simba na H. kimondo, angalau mara hii mtoto wa Kyavinyonge anaweza kusoma jina la samaki wake bila kamusi ya Kilatini.

Sasa turudi kwenye udanganyifu wa taya. Furu wa Edward mwenye meno ya kukwangua anafanana mno na furu wa Victoria mwenye meno ya kukwangua. Je, ni ndugu? Greenwood aliamini hivyo. Kati ya 1979 na 1980 aliivunja Haplochromis kuwa jenasi nyingi, kila moja na aina yake ya mdomo, na jina lenyewe akaliacha kwa spishi tano tu za wakwanguaji: obliquidens na lividus za Victoria, limax ya Edward na George, astatodon ya Kivu, na annectidens ya kiziwa cha Nabugabo. Ilikuwa kazi ya mtu aliyeijua mifupa kuliko yeyote wa zama zake. Ilimaanisha kwamba mkwanguaji alizaliwa mara moja, kisha watoto wake wakasambaa maziwa matano.

Mwaka 1990 Axel Meyer, Thomas Kocher, Pereti Basasibwaki wa Uganda na Allan Wilson walisoma vinasaba vya furu wa Victoria kutoka jenasi mbalimbali za aina hiyo, wakakuta wanakaribiana kiasi cha ajabu. Tofauti kati ya spishi hizo zote ilikuwa ndogo kuliko iliyopo kati ya binadamu na binadamu. Mwindaji, msagaji konokono na mkwanguaji wa Victoria wangeweza kuwa na babu mmoja wa juzi, na sura zao zikawa zimejirudia katika ziwa baada ya ziwa kwa sababu kazi ni zile zile. Kile kilichowapata pono na tilapia kwa mamilioni ya miaka kilikuwa kikitokea hapa kwa maelfu. Ndiyo sababu Vranken na wenzake, pamoja na wengine wengi, wameyaacha majina ya Greenwood kando na kuwaita wote Haplochromis kwa maana pana, wakijua wazi kwamba hilo ni kapu na wala si ukoo uliothibitishwa. Mimi nakubaliana nao. Kapu linalokiri kuwa kapu lina heshima kuliko ukoo wa kubuni.

Lakini kama muda ulikuwa mfupi hivyo, utofauti ulitoka wapi? Mabadiliko mapya ya vinasaba huja polepole. Jibu lililochapishwa na Joana Meier, Ole Seehausen na wenzao mwaka 2017 linatuhusu sisi wa mgongo wa maji moja kwa moja. Furu wote wa eneo hili, wa Victoria, Edward, George, Albert, Kivu na Kyoga, spishi kama 700 kwa jumla, ni wazao wa machotara. Koo mbili zilizokuwa zimetengana kwa muda mrefu zilikutana na kuzaana kama miaka 150,000 iliyopita: ukoo mmoja wa Nile ya juu, mwingine wa upande wa Kongo, ambao jamaa yake wa leo, Astatotilapia stappersi, anapatikana kwenye maji yanayoingia Tanganyika. Hakuna anayedai kwamba walivukia mlima wa Butembo. Mito ya zama hizo, ikivutwa huku na kule na ufa uliokuwa ukipanda na kushuka, haikufuata ramani yetu. Lakini mchanganyiko wenyewe umeandikwa katika kila furu aliyepo ndani ya ziwa.

Jicho linaonyesha vizuri kilichopatikana. Kuna jeni moja inayotengeneza kipokeaji cha mwanga mwekundu. Ukoo mmoja ulileta namna yake ya jeni hiyo, ukoo mwingine namna yake, zote zimekamilika na zimejaribiwa kwa muda mrefu. Moja inafaa maji maangavu ya juu, nyingine inafaa kilindi cha maji ya matope, ambako mwanga mwekundu ndio unaobaki zaidi. Chotara alipata zote mbili, na watoto wake wakagawana kadiri kila mmoja alivyochagua kina cha kuishi. Jike anayeona nyekundu vizuri anachagua dume mwekundu. Anayeona bluu anachagua wa bluu. Hivyo makazi, jicho na ndoa vikasukumana pamoja. Mwaka 2023 kundi hilo hilo lilionyesha kwamba Victoria, lililokauka na kujaa tena miaka kama 16,000 iliyopita, lilipata spishi zake karibu 500 kutokana na koo chache zilizokwisha kuchanganyika, zikitengana na kuungana tena.

Hapo ndipo matope yanapoingia katika uainishaji. Seehausen, pamoja na Jacques van Alphen na Frans Witte, walikwisha kuonya mwaka 1997 kwamba maji ya Victoria yakichafuka rangi hazionekani, majike wanakosea madume, na spishi mbili zinarudi kuwa moja bila hata samaki mmoja kufa. Ziwa Edward lina sababu zake za kubadilika. Katikati ya miaka ya 1970 kulikuwa na viboko karibu 29,000 katika eneo hili, wakila nyasi usiku na kumwaga mavi majini mchana. Mwaka 2005 walikuwa chini ya 1,000, wengi wakiwa wameuawa na watu wenye silaha. Mbolea hiyo yote imekatwa, na papo hapo mashamba ya milimani yanashusha udongo. Mvuvi huhesabu hasara hiyo kwa tilapia. Kwa furu, hesabu inahitaji kwanza kujua ni wangapi.

Makadirio ya wataalamu kwa Edward na George ni kati ya spishi 60 na 100. Wengi wa waliopewa majina wameelezwa kwa samaki waliokaa kwenye pombe makabatini Tervuren na London, na pombe hufuta rangi: dume mwekundu na dume wa bluu wote hutoka kijivu, ukabaki na kupima meno na kuhesabu magamba. Kwa hiyo wanaohitajika ni samaki wapya, waliopigwa picha dakika ileile walipotoka majini. Upande wa Uganda hilo halina shida kubwa. Lakini Uganda ina ziwa la kina kifupi. Kilindi cha mita 112 kiko Kongo, chini ya milima ya magharibi, ndani ya hifadhi, mahali ambapo nyavu za utafiti zinahitaji ruhusa ya ICCN, taasisi ya Kongo inayosimamia hifadhi, boti yenye walinzi na mwezi usio na mapigano. Furu wanaoishi karibu na kilindi hicho, pengine wenye macho ya namna ile ya mwanga mwekundu, bado hawajatafutwa inavyostahili.